Karatasi za mahindi, ardhi ya malisho: barua ya wazi kwa viongozi wa vijiji

Kwenu wenyeviti wa vijiji, wenyeviti wa vitongoji na wajumbe wa halmashauri za vijiji mliochaguliwa tarehe 27 Novemba 2024,

Salaam wanangu, na hongereni kwa dhamana mliyopewa. Nilitaka kunyamaza, maana mtendaji mstaafu akisema sana huambiwa ofisi bado inamwasha. Lakini juzi nimeoneshwa karatasi iliyonikera mpaka chakula kikanishinda.

Kijana mmoja kaniletea nakala ya muhtasari wa mkutano mkuu wa kijiji. Umeandikwa kwamba wananchi "kwa kauli moja" wameridhia eneo la malisho apewe mtu kutoka mjini. Kauli moja! Watu ambao hata kuchangia dawati wanagombana mpaka magharibi. Nikafunua ukurasa wa mahudhurio. Majina yapo, sahihi zipo, dole gumba zipo. Ila upande wa kulia karatasi imekatwa kwa mkasi, na juu ya safu iliyokatwa zimebaki herufi chache: "mahin". Ilikuwa orodha ya kikao cha wazazi, kile cha kuchangia debe za mahindi ya shule. Watu wamesaini uji wa watoto wao, sahihi zikaenda kugawa malisho ya ng'ombe wao.

Sasa nisikilizeni. Ardhi ya kijiji si ya mwenyekiti, wala si ya halmashauri ya kijiji. Sheria ya Ardhi ya Vijiji, Na. 5 ya mwaka 1999, kifungu cha 8, imewaweka muisimamie kama mdhamini aliyeshikishwa mali ya watu wengine. Kifungu hichohicho kinawakataza kugawa ardhi au kutoa hakimiliki ya kimila, yaani haki ya mtu kumiliki ardhi ya kijiji, kabla mkutano mkuu wa kijiji haujaridhia. Kabla. Ile "tutawajulisha mambo yakikamilika" haimo. Na kila mkutano wa kawaida unapokaa, mnatakiwa mtoe taarifa mmeisimamiaje.

Mkutano mkuu wenyewe ni nani? Ni kila mkazi aliyetimiza miaka 18. Bibi asiyejua kusoma yumo, mchunga mbuzi yumo, mama muuza vitumbua yumo. Hao ndio Sheria ya Serikali za Mitaa (Mamlaka za Wilaya) ya mwaka 1982 imewapa kauli ya mwisho kijijini. Ndio waliowaweka, na ndio wenye uwezo wa kuwatoa, mjumbe mmoja au halmashauri nzima. Nyinyi wa halmashauri ya kijiji ni watu kati ya 15 na 25 tu.

Kwa hiyo muhtasari uandikwe palepale mkutanoni, na mtendaji ambaye ndiye katibu, si jioni nyumbani kwa mwenyekiti. Kila karatasi ya mahudhurio iwe na tarehe, mahali na ajenda juu yake, iandikwe kwa wino. Ajenda ya ardhi itajwe kwenye tangazo, isichomekwe kwenye "mengineyo" wakati kina mama wameshaondoka kwenda kupika. Mikono ihesabiwe, na waliokataa waandikwe kwamba walikataa. Mkutano unaofuata, muhtasari usomwe kwa sauti. Kughushi nyaraka ni jinai, wanangu, na ukiwa umepokea bahasha juu yake, TAKUKURU, wale wa kupambana na rushwa, wana sheria yao ya 2007 inayokusubiri. Aliyekupa bahasha atakuwa mjini na wakili wake. Atakayeitwa ni wewe, kwa sababu sahihi ni yako.

Najua mtajitetea kwamba wilayani waliutaka haraka. Nami nimefanya kazi humo, nayajua. Afisa anayedai muhtasari ufike kesho asubuhi, wa mkutano ambao hata tangazo halijabandikwa, anajua vizuri sana anachoomba. Mwambieni kwa adabu kwamba mkutano haujakaa. Atafoka, atanuna, halafu atasubiri.

Na wananchi nao nisiwapake mafuta. Tangazo linabandikwa, watu wanakwenda mnadani. Wakija wanauliza soda iko wapi. Vijana wanasema hayo ni mambo ya wazee, halafu trekta likishaingia shambani wanapiga picha na kulalamika kwenye simu. Wengine walishauza kura zao kwa khanga na bia, sasa wanashangaa mwenyekiti anarudisha gharama zake. Kijiji ambacho mikutano yake haina watu kinamrahisishia kazi mwenye mkasi.

Mengine nayataja tu, mnayajua. Halmashauri ikae kila mwezi, mkutano mkuu usipite miezi 3. Mapato na matumizi yasomwe na yabandikwe. Mchango wowote, stakabadhi. Sheria ndogo haiwi sheria mpaka mkutano mkuu uwe umeijadili na halmashauri ya wilaya iwe imeidhinisha, kwa hiyo acheni kutoza watu faini za kichwani. Baraza la ardhi la kijiji liwe na watu 7, wanawake wasiopungua 3, na kazi yake ni kusuluhisha. Ile asilimia 10 ya mwenyekiti mtu akiuza kiwanja, nimetafuta sheria yake mpaka macho yameniuma.

Najua hamna mshahara. Najua usiku mnagongewa milango kwa ugomvi wa ndoa, msiba, ng'ombe aliyekula mahindi ya watu, na asubuhi mnategemewa kwenye jembe lenu kama kila mtu. Siwaoni wabaya nyote. Wengi wenu nimewaona mkikua. Ndiyo maana nawaandikia nyinyi, sijamwandikia mkuu wa wilaya.

Walio kati yenu ambao tangu waapishwe hawajaitisha mkutano mkuu hata mmoja, wabandike tangazo wiki hii: ofisini, msikitini, kanisani na kwenye mashine ya kusaga. Ajenda ya kwanza iwe mapato na matumizi, na ya pili orodha ya kila kipande cha ardhi kilichogawiwa na aliyepewa.

Wasalaam,
Mzee wenu, mtendaji wa kijiji mstaafu