Kazi sawa, mshahara sawa hata kwa wa muda

Mhariri,

Mtumishi wa muda serikalini hulipwa kidogo kuliko mwenzake wa kudumu, ilhali kazi ni ileile. Hili linaniuma. Mwaka 2016 Mahakama ya Juu ya India iliamua kwamba wa muda wanaofanya kazi sawa na wa kudumu walipwe angalau kima cha chini cha ngazi ya mshahara wa wenzao. Nakubali, miaka mingi kazini peke yake haimpi mtu ajira ya kudumu. Nafasi za umma lazima zitangazwe ili wote washindane. Basi zitangazwe! Kuhuisha mkataba mfupi mwaka baada ya mwaka kunamdhulumu aliyemo, na kunamdhulumu pia yule ambaye hakupata kuomba.

Msomaji wako