Risala ya Wajane na Wazazi wa Wanajeshi kwa Mgeni Rasmi, Siku ya KDF, Lamu

Mheshimiwa Mgeni Rasmi, masheikh, wazee wetu, kina mama na vijana, Assalamu alaykum. Karibu sana Lamu.

Mheshimiwa, siku hii kwetu ilizaliwa mlangoni. Septemba 2011 watalii wawili walivamiwa Kiwayu, kisiwa chetu hapa Lamu. Mume akauawa, mke akatekwa na kupelekwa Somalia. Tarehe 1 Oktoba mama Mfaransa, mlemavu, akachukuliwa kisiwani Manda, naye akapelekwa huko huko. Katikati ya mwezi huo wanajeshi wetu wakavuka mpaka kuingia Somalia, na 14 Oktoba ikawa Siku ya KDF, yaani Majeshi ya Ulinzi ya Kenya. Wapo waliokwenda wasirudi. El Adde, 2016, na Kulbiyow, 2017, kambi za wanajeshi wetu zilizovamiwa Somalia, ni majina ambayo kina mama hawa hawayasikii wakabaki na macho makavu.

Kikundi chetu kimepiga hatua kubwa mno: tuna viti 60, sufuria nne za karamu, na hakuna mtoto wa mwanachama aliyekosa sare ya shule mwaka huu.

Haja yetu ni moja, Mheshimiwa. Boti. Wenzetu wengi wako Kiwayu, Ndau na Kizingitini. Mjane akiitwa mjini kwa karatasi za pensheni, au mzee akizidiwa usiku, hana chombo. Kukodi boti kunameza pensheni ya mwezi mzima. Msimu wa upepo wa kusi uliopita mama mmoja, aliyemzika mwanawe akiwa na magwanda, alilala ufukweni na homa hadi alfajiri akingoja mashua ya wavuvi. Alifika hospitali amekwisha kupoteza fahamu. Alhamdulillahi, leo yuko nasi, amekaa safu ya mbele.

Mwaka juzi mgeni wetu alituahidi boti hapa hapa. Tukamvisha kikoi, tukampigia vigelegele. Mwaka jana aliyekuja alisema liko njiani. Kwa kuamini maneno yao tulichanga, tukawasomesha vijana wawili unahodha. Vyeti wanavyo, chombo hawana, na mmoja ameshaanza kutafuta kazi Mombasa.

Kwa heshima na taadhima, tunaomba boti moja la faiba, mashine ya nguvu farasi 40 na maboya ya abiria. Mafuta na matengenezo tutayabeba wenyewe. Tunakusihi, kabla hujashuka gatini jioni hii, ututajie tarehe na afisa wa kumfuatilia. Katibu wetu ameketi nyuma yako na daftari.

Tunaomba kuwasilisha.