Salfa ya korosho bei yake inapangwa Ghuba na Kolwezi kule Kongo, sisi huku tunasubiri lori tu

Ndugu Mhariri,

Naomba nafasi kwenye gazeti lenu niseme kidogo kuhusu salfa, na sio zile habari za imefika au haijafika maana hizo mnaziandika kila mwaka ikikaribia kupulizia, mi nataka kusema bei. Nauza pembejeo hapa Tandahimba na nina mikorosho yangu, kwa hiyo naiona hii biashara kwa mbele na kwa nyuma. Huku kusini bei ya korosho tunaijua hadi senti, mnada ukifungwa tu namba ziko kwenye simu za watu, hata bibi asiyejua kusoma atakwambia bei ya juu imekwenda ngapi na ya chini ngapi na nani kakataa kuuza. Sasa mtu huyo huyo muulize salfa leo tani moja ni dola ngapi huko inakotoka, atakuangalia kama umemuuliza bei ya ndege.

Na bila salfa hiyo korosho yenyewe hamna. Kwa wasomaji wenu wa huko Dar na Arusha wasiojua, mkorosho ukitoa maua mwezi wa sita wa saba unaingiliwa na ubwiriunga, ule ukungu mweupe, maua yanaungua yanakauka na ukichelewa umepoteza msimu. Salfa haitibu, inakinga, inatakiwa iwe imetangulia kwenye ua kabla ya ukungu, ndo maana tunapulizia asubuhi sana umande bado uko na upepo haujaanza, shamba zima linakuwa wingu la njano na vijana wanaobeba mashine wanarudi macho mekundu wamejifunga kitambaa puani (hilo la vifaa vya kujikinga nalo lina barua yake). Ushauri tuliozoea kutoka kwa watu wa Naliendele, kile kituo cha utafiti wa korosho, ni robo kilo kwa mti kwa kila mzunguko, kila baada ya wiki mbili hivi, mizunguko ikifika mitano mti mmoja umekula kilo moja na robo. Mfuko wa kilo 25 kwa hiyo ni miti 20. Ekari iliyopandwa kwa nafasi nzuri ina miti kama 28, piga hesabu mwenyewe mtu mwenye ekari kumi anataka mifuko mingapi.

Haya, salfa inatoka wapi. Siku hizi karibu hamna anayeichimba kwa ajili yake yenyewe kama zamani, nyingi inatoka kwenye viwanda vya kusafisha mafuta na gesi, ni uchafu unaotolewa ili petroli na gesi viwe safi, na wauzaji wakubwa ni Ghuba pale, Abu Dhabi, Saudia, Qatar, Kuwait, halafu kuna Kazakhstan na Canada. Hapo ndo shida inapoanzia. Kwa kuwa ni kitu kinachotoka pembeni, bei ikipanda hakuna mtu anaongeza kuzalisha salfa, yeye anaangalia soko la mafuta, na bei ikianguka hapunguzi maana gesi lazima aisafishe tu. Matokeo yake bei inarukaruka vibaya sana. Mwaka 2008 ilivuka dola 800 kwa tani, kabla mwaka haujaisha ikawa imeporomoka chini ya dola 100. Mwaka 2022 ikafika karibu dola 500, katikati ya 2023 ikawa tena chini ya 100, mwaka 2024 miezi ya mwanzo bado iko huko huko chini, halafu 2025 ikaanza kupaa hadi ikapita mara mbili ya ilivyoanza mwaka.

Ziweke hizo namba kwenye mfuko wetu wa kilo 25. Tani ikiwa dola 500 basi salfa iliyomo kwenye mfuko ni dola 12 na nusu, tani ikiwa dola 100 ni dola mbili na nusu. Kwa dola ya shilingi 2,500 hiyo ni kama 31,000 dhidi ya 6,000 na kitu. Najua kuna kusaga, kuchekecha, mifuko, meli, bandari, lori la kupandisha huku Newala, na 2023 dola zenyewe zilikuwa za kutafuta kwa tochi, sisemi mfuko uuzwe elfu sita. Nasema tofauti ya elfu ishirini na tano kwa mfuko mmoja sio ya kukaa kimya, na kwenye duka langu sijawahi kuona bei ya jumla ikishuka kwa kasi ile iliyopandia, ikipanda huko nje inafika hapa baada ya wiki chache, ikishuka inapotelea njiani.

Mtu atasema we muuza duka unalia nini, salfa siku hizi si ni ya ruzuku, mnagawiwa bure. Kweli, na imesaidia, uzalishaji umepanda na kila mtu anaona. Ila ruzuku haijadondoka kutoka mbinguni. Korosho ghafi ikisafirishwa nje inalipiwa ushuru wa asilimia 15 ya bei yake au dola 160 kwa tani, inachukuliwa ile iliyo kubwa, na watu wa kusini hatujasahau 2018 wabunge wetu walivyopigania ile sehemu ya ushuru iliyokuwa inarudi kwenye zao. Kwa hiyo salfa ikinunuliwa ghali, imenunuliwa ghali kwa hela ya korosho. Mfuko ukiwa juu mara mbili, kwa hela ile ile mifuko inakuwa nusu, ndo pale mkulima aliyeandikishwa anapewa pungufu na mingine anakuja kuongezea dukani kwangu kwa hela yake ya mfukoni, sasa hiyo bure iko wapi.

Kitu cha pili ambacho naona hakisemwi ni nani tunagombania nae. Zamani tulikuwa tunafikiri salfa ni dawa ya korosho na zabibu za Dodoma basi. Kumbe sisi ni wateja wadogo kabisa sokoni. Kazi kubwa ya salfa duniani ni kutengeneza asidi ya salfuriki, na asidi nyingi inaenda kwenye mbolea, ndo maana China na Morocco wananunua kwa mameli. Halafu wakaja Indonesia na viwanda vyao vya nikeli ya betri, nao wanakunywa asidi kama maji. Na karibu yetu kabisa kuna Kongo. Kule Kolwezi na Likasi shaba na kobalti wanaiyeyusha kutoka kwenye mawe kwa asidi, migodi mingine ina mitambo yake ya kuchoma salfa, tani moja ya salfa inawapa kama tani tatu za asidi. Kongo sasa hivi kwa shaba imeipita Peru, iko nyuma ya Chile tu. Sehemu kubwa ya salfa yao inashushwa bandari ya Dar halafu inapanda malori hadi Tunduma, inaingia Zambia, inatokea Kasumbalesa. Dereva yeyote wa njia ile atakwambia, ni njano juu ya turubai.

Ile ya Kongo sio hii yetu, yao ni ya chenga na yetu ni ya unga laini uliochekechwa, kwa hiyo asije mtu akakudanganya kwamba atachota kwenye ghala la transiti Dar akuletee ya kupulizia. Lakini mama yao ni mmoja. Mgodi wa Kolwezi ukiwa na haraka analipa bei yoyote maana shaba inalipa, yule muuzaji wa Ghuba akishaona hivyo na wa kusaga unga nae ananunua chenga kwa bei hiyo hiyo. Na karibu nusu ya salfa inayosafiri kwa meli duniani inapita ule mlango wa bahari wa Hormuz wa kutokea Ghuba, pakiwa na kelele za vita pale hata siku chache bima ya meli inapanda na bei inapanda, sisi huku tunajua habari ya vita ila hatujui kwamba ni habari ya mikorosho.

Hapa kijiweni kuna swali halikosi, kwamba sisi si tuna gesi Mnazi Bay na Songo Songo, na salfa si inatoka kwenye gesi, kwa nini tusitoe yetu wenyewe. Swali zuri kabisa. Bahati mbaya gesi yetu ni safi mno, karibu yote ni methani, haina ile hewa inayonuka mayai viza ambayo ndo salfa inatolewa humo. Gesi ya wenzetu wa Abu Dhabi ni chafu, wakiisafisha wanabaki na milima ya salfa. Yaani usafi wa gesi yetu ndo umetunyima. Kwa hiyo hata ule mradi wa kusindika gesi wa Likong'o pale Lindi ukija kusimama, tusitegemee salfa kutoka kule.

Sasa ninachotaka mimi. Salfa haiozi. Ikikaa pakavu, mfuko haujachanika, msimu ujao ni salfa ile ile. Kwa nini basi kila mwaka oda inakuwa ya msimu huo huo, tenda inachelewa, meli inakuja na sisi tayari tuna haraka, na muuzaji anajua tuna haraka? Miezi ile ya 2023 na mwanzo wa 2024 bei ikiwa chini ya dola 100, hiyo ndo ilikuwa ya kununua ya misimu miwili kwa mpigo na kuilaza. Sio lazima mtu awe mtabiri, bei ikiwa chini kuliko miaka mingi nyuma yake basi unanunua, hata mama anayeuza mchele hapa sokoni anajua kununua mavunoni. Na hela ipo wakati huo, maana ushuru wa korosho unaingia kuanzia mwezi wa kumi mpaka wa kwanza meli zinapoondoka kwenda India na Vietnam, ni wakati mzuri kabisa wa kuweka oda kwa ajili ya mwezi wa sita.

Pa kushushia tunapo. Bandari ya Mtwara imeongezewa gati la mita 300, meli za salfa zimeshaanza kuja hapa hapa badala ya kuzunguka Dar, na Kisiwa Mgao kunaletwa bandari ya mizigo michafu ya makaa ya mawe na saruji. Kwenye maghala ndo pa kutulia kidogo. Kuna watu watasema maghala ya korosho yanakaa matupu kuanzia mwezi wa tatu, tuweke humo. Hapana jamani, mi nayauza haya madude nayajua. Vumbi la salfa likishika cheche linalipuka, moto wake una moshi unaoua, na ikipata unyevu inakula bati na misumari, halafu mwezi wa kumi uje uweke humo korosho ya kuliwa na watu wa Ulaya ikutwe na harufu ya salfa, mnunuzi anaikataa mchana kweupe. Lijengwe ghala lake, mbali na makazi, umeme wa mpangilio wake, Masasi moja na Mtwara moja hata Nachingwea, hiyo hela ni ndogo kuliko kununua kwa bei ya juu msimu mmoja.

Wapo pia wanaosema salfa ipungue twende na dawa za maji, na wana hoja, watafiti wameshaonya kwamba salfa ya miaka mingi inaongeza uchachu kwenye udongo wetu huu wa kichanga. Sina ugomvi na hilo, mimi mwenyewe nauza zote mbili. Ila dawa ya maji inataka maji, na juu ya uwanda wa Makonde hapa maji tunayatafuta ya kunywa, sijui ya kupulizia ekari kumi yatatoka wapi.

Na akiba ikiwepo, hata ule mchezo wa mifuko ya ruzuku kuonekana mitaani ikiuzwa utapungua nguvu, maana unanogeshwa na uhaba. Mwaka ambao salfa imefika mapema na imetosha hakuna mtu anakuja usiku kuniuliza kama nanunua.

Kwako Mhariri ombi langu ni jepesi. Qatar, Kuwait na Abu Dhabi kila mwanzo wa mwezi wanatangaza bei ya salfa yao, sio siri. Kwenye ule ukurasa wa biashara mnaoweka bei za minada ya korosho, ongezeni mstari mmoja, bei ya salfa Ghuba mwezi huu, ya mwezi uliopita, na ya mwaka jana wakati kama huu. Viongozi wa AMCOS, vyama vyetu vya msingi vya ushirika, wakienda kwenye mkutano mkuu wawe nayo mkononi, wakiambiwa salfa imepanda waulize imepanda lini na kutoka ngapi. Mkianza na toleo la mwezi wa kwanza itakuwa vizuri zaidi, maana mwezi wa nne kila kitu kinakuwa kimeshaamuliwa.

Ni mimi msomaji wenu,
Mkulima na muuza pembejeo,
Tandahimba, Mtwara