Nitafutie karatasi kabla hujafunga mizigo

Shoga yangu Mwanaidi,

Assalaam alaykum. Huku sote wazima. Kidawa kajifungua mtoto wa kiume, jina bado wanagombania. Kimya chako kilinitia wasiwasi, mpaka Saidi aliponiambia unarudi mwisho wa mwezi. Basi naandika haraka, maana nina ombi.

Nimeitazama ile katuni ya Mjapani Ofuji Noburo, mtengenezaji filamu, ya mwaka 1930, Mura Matsuri, sherehe ya kijijini. Fupi mno, haifiki hata dakika tano: wanakijiji wanamshukuru mungu wao kwa mavuno, ngoma na filimbi, don don hyarara. Wimbo unaoimbwa humo watoto wa Japani walikuwa wakiufundishwa shuleni tangu 1912. Naona kabisa ukumbi mzima unaitikia.

Lakini shoga, kuna kinachoniuma. Watu wake Ofuji aliwakata kwenye chiyogami, zile karatasi za nakshi za rangi, akawasogeza kidogo, akapiga picha, akawasogeza tena. Dada yake Yae, aliyemlea, ndiye aliyekuwa akimsaidia kazi. Uvumilivu wote huo, rangi zote hizo, halafu filamu nyeusi na nyeupe! Nasimamisha picha, nakodolea vazi, nakshi naziona mpaka kwenye mikono. Nyekundu? Buluu? Zote kijivu. Nalala nazo kichwani.

Kwa hiyo, maadam uko huko Japani, nenda Yanaka, mtaa wa Tokyo, kwenye duka la Isetatsu, wanauza chiyogami tangu karne ya 19. Nichagulie chache zilizochapwa kwa vibao vya mbao, nakshi ndogondogo, maana kubwa zinapotea ukikata umbo la mtoto. Ziweke katikati ya kitabu, usizikunje, tafadhali. Nataka watoto wa darasani kwangu wakate watu wao, tuwapige picha kwa simu mmoja mmoja. Wana mikono hao! Kuna mmoja anakata samaki bila kuchora kwanza, na… nitakuonyesha ukija.

Hizo rangi lakini. Ukipita Kyobashi, hapo hapo Tokyo, kwenye hifadhi ya taifa ya filamu, hebu waulize kama karatasi za Ofuji mwenyewe zipo, hata kipande.

Pesa nikutumie kwa njia gani? Mzigo wako una nafasi? Na yule bwana wa Osaka, mmefikia wapi? Unashukia Dar au moja kwa moja Unguja? Nije na mama kukupokea?

Nijibu leo leo.

Wako,
Rukia