Barua ya wazi kwa askari wapya wa doria Karamoja

Wanangu,

Nasikia mmepangiwa Kotido na Kaabong, wilaya za Karamoja, kaskazini-mashariki mwa Uganda, kupambana na wizi wa mifugo, na kwamba wengi wenu mnatoka kusini. Mimi nimestaafu, miguu haina nguvu tena, ila neno ninalo: msitoke kambini bila mwenyeji.

Wako askari wenzetu wa Kanada, polisi wa farasi, kikosi kilichoundwa mwaka 1873. Kaskazini ya mbali farasi hawezi theluji, kwa hiyo huko walisafiri kwa sleji zinazovutwa na mbwa. Desemba 1910 Inspekta Francis Fitzgerald aliondoka kituo cha Fort McPherson na wenzake watatu kwenda mji wa Dawson, safari ya zaidi ya kilomita 700. Alitaka kuwahi kuliko doria zote zilizomtangulia, akapunguza chakula. Mwenyeji mmoja wa kabila la Gwich'in, Esau George, aliwaongoza kidogo, kisha Fitzgerald akamlipa na kumwacha aende zake. Akamtegemea Carter, mmoja wa wale watatu, ambaye njia ile aliipita mara moja tu, tena akitokea upande wa pili. Carter hakukiona kijito cha kufuata. Walikitafuta mpaka posho ikakaribia kwisha, wakageuka, wakawa wanachinja mbwa wao na kuwala. Machi 1911 Koplo Dempster, aliyetumwa kuwatafuta, aliikuta miili ya wote wanne. Walikuwa watu hodari, na hilo ndilo linaloniuma.

Karamoja haina theluji, lakini kiangazi chake hakina huruma. Mito ni mchanga mtupu; mtoto wa mchungaji anajua pa kuchimba apate maji, nyinyi hamjui. Mvua ikinyesha milimani, mto uliokuwa mkavu asubuhi unaweza kulisomba gari lenu. Nyayo za ng'ombe walioibwa nazo anazisoma yeye kama mnavyosoma gazeti.

Sasa, mkimkamata kila kijana mwenye fimbo na kumwita mwizi, nani atawaonyesha kisima? Hili nalisema kwa uchungu. Wale ni raia mnaowalinda, na ng'ombe wanaoibwa ni wao.

Mkifika, kabla ya doria ya kwanza, ombeni kuketi na wazee wa manyatta, yaani boma la wafugaji, iliyo karibu. Salimieni kwanza, msikilize. Ulizeni maji yako wapi mwezi huu. Mwongozaji mlipeni vizuri, ale mnachokula, na msimwache arudi kwao mpaka mmerejea kambini.

Mzee wenu,
Afande mstaafu, Mbale