Barua ya wazi kwa Mheshimiwa Mkuu wa Mkoa wa Mbeya: tunaomba kumbi za umma zifunguliwe kwa mazoezi ya maigizo ya muziki

Mheshimiwa Mkuu wa Mkoa,

Kwa heshima na taadhima nakuandikia nikiwa mtunzi wa nyimbo, mwigizaji na mwongozaji wa maigizo ya muziki hapa jijini Mbeya. Nimeiandika barua hii hadharani kwa sababu jambo ninalolileta linawagusa vijana wengi wa mkoa huu ambao hawana njia ya kufika ofisini kwako, na kwa sababu ningependa madiwani, walimu wa sanaa na viongozi wa kwaya nao waisome, waniunge mkono au wanipinge. Ombi langu ni moja. Kumbi za umma zilizo chini ya halmashauri za mkoa wetu, ambazo katikati ya juma aghalabu hukaa zimefungwa, zitengewe saa za mazoezi ya sanaa za jukwaani kwa ada ambayo kundi la vijana linaweza kuimudu.

Niruhusu kwanza nieleze kazi yenyewe ilivyo, kwa kuwa naamini uamuzi mwema huanzia hapo. Msanii anayerekodi nyimbo anaweza kufanya sehemu kubwa ya kazi yake katika chumba kidogo chenye kompyuta na kipaza sauti. Sisi hatuwezi. Katika igizo la muziki mhusika huzungumza mpaka maneno matupu yanamwelemea, ndipo anapoimba, na mara nyingi anaimba huku anacheza, huku anatazamana na mwenzake, huku anasogea kutoka upande mmoja wa jukwaa hadi mwingine. Mtunzi anaweza kukaa mezani usiku kucha akaandika sauti nne kwa solfa, yaani noti za do, re, mi, zikapendeza kwenye karatasi, kisha kesho yake akagundua kwamba ile noti ya juu ambayo binti anaifikia vizuri akiwa ameketi haifikiki kabisa baada ya kucheza ngoma ya mganda kwa dakika mbili. Hapo lazima uamuzi ufanyike papo hapo: ufunguo wa wimbo ushushwe, au ngoma itangulie na wimbo ufuate, au mstari ule apewe mwingine aliyesimama. Mtunzi, mwongozaji na mwigizaji wanahitajiana katika dakika hiyo, na dakika hiyo haipatikani pasipo sakafu yenye ukubwa wa jukwaa. Ndiyo maana katika fani hii watu wengi waliofika mbali walizibeba kazi zote tatu, na ndiyo maana wote walihitaji mahali pa kufanyia mazoezi kabla hawajahitaji kitu kingine chochote.

Mkoa wetu haupungukiwi waimbaji. Wamisionari wa Moraviani walifika Rungwe mwaka 1891, na tangu hapo makanisa ya madhehebu mbalimbali yamelea kwaya ambazo mpaka leo zinawafundisha watoto kusoma solfa, kushika sauti yao bila kuvutwa na ya jirani, na kupumua pamoja. Kyela wapo wachezaji wa mganda, na Rungwe wapo wachezaji wa ngoma ya ing'oma ambao miguu yao inajua mapigo kuliko kitabu chochote. Kijana anayetoka katika malezi hayo akija kwenye kundi la maigizo, nusu ya kazi ya mwalimu imekwisha kufanyika. Lakini kwaya ina kanisa lake, na timu ya mpira ina uwanja wake. Kundi la maigizo hukutana chini ya mti, kwenye kibaraza cha mtu, au katika darasa ambalo mwalimu mkuu mwenye moyo ameamua kuliazima.

Nawe unajua hali ya hewa ya huku. Mvua zikishaanza Novemba zinatuandama mpaka Aprili, pengine Mei, kwa hiyo mazoezi ya nje yanakufa kwa takriban nusu ya mwaka. Zikikoma, inakuja baridi ya Juni na Julai ambayo, katika jiji lililo kwenye mwinuko wa mita 1,700 hivi, inakausha koo la mwimbaji jioni ikiwa hana paa wala kuta. Igizo la muziki la saa moja na nusu linahitaji miezi ya mazoezi mfululizo. Ukiyakatiza kwa wiki nne, hatua zinasahaulika, sauti zinalegea, na vijana wawili watatu wanakuwa wamekwenda Tunduma kutafuta riziki.

Niliwahi kwenda kuomba nafasi ya mazoezi katika ukumbi mmoja wa umma, ambao sitautaja kwa kuwa nia yangu si kumshtaki mtu. Nilipokewa kwa adabu, nikaelezwa kwamba orodha ya ada ina harusi, mikutano na mahafali tu, na kwamba kwa kuwa mazoezi hayamo, tutatozwa kama harusi. Mtumishi aliyenihudumia hakuwa na kosa, maana hawezi kubuni ada isiyokuwamo katika orodha yake. Tulirudi kibarazani, na igizo lile halikuwahi kuonyeshwa. Naomba ulitazame hilo kwa uzito wake: kazi ilikuwa imeandikwa, nyimbo zilikuwa zimetungwa, waigizaji walikuwa tayari, na kilichoizuia ni mstari mmoja uliokosekana katika orodha ya ada.

Mheshimiwa, nimejifunza mengi kuhusu fani hii kwa kufuatilia maisha ya Gibson Kente wa Afrika Kusini, na natamani kila afisa utamaduni katika nyanda hizi angeyajua. Alizaliwa mwaka 1932 huko Duncan Village, katika mji wa East London, akaenda Johannesburg kusomea ustawi wa jamii, na muziki ukamchukua. Mwaka 1963 alitoa igizo lake la kwanza la muziki, Manana, the Jazz Prophet. Kuanzia hapo alitunga hadithi, akatunga nyimbo, akapanga hatua za ngoma, akaongoza, na akasimamia mwenyewe hesabu za kiingilio. Serikali ya ubaguzi wa rangi haikumpa chochote zaidi ya vikwazo. Mwaka 1976 alikamatwa alipokuwa akitengeneza filamu kutokana na igizo lake moja. Hata hivyo kazi yake ilisimama kwa sababu mbili ambazo zinatuhusu moja kwa moja. Ya kwanza ni kwamba alikuwa na mahali pa mazoezi: gereji ya nyumba yake huko Dube, Soweto, ambamo vijana wasiokuwa na chuo cha kuwapokea walijifunza kutembea, kusema na kuimba kwa ajili ya jukwaa. (Wakazi wa Soweto yetu ya hapa Mbeya, iliyobeba jina la mji huo, watafurahi kulijua hili.) Ya pili ni kwamba kulikuwa na kumbi za kijamii katika vitongoji vya Waafrika nchi nzima, zenye sakafu ngumu na viti vya mbao, nazo zilimwezesha kusafiri na kundi lake kwa basi kutoka mji hadi mji, akionyesha usiku mmoja hapa na usiku mwingine kule. Kwa njia hiyo aliweza kuwalipa waigizaji wake mishahara kutokana na viingilio, na kuna wakati alikuwa na zaidi ya kundi moja barabarani. Alifariki Novemba 2004, baada ya kutangaza hadharani mwaka 2003 kwamba anaishi na virusi vya UKIMWI, tendo ambalo wakati ule lilihitaji ujasiri mkubwa.

Miongoni mwa waliopita katika mikono yake ni Mbongeni Ngema na Percy Mtwa, waliokutana wakiigiza katika kundi lake. Mwaka 1981 wawili hao, wakishirikiana na mwongozaji Barney Simon, walitoa Woza Albert!, igizo la watu wawili tu wanaobadilika kuwa wahusika wengi bila mandhari ya gharama, nalo likazunguka Ulaya na Marekani. Ngema akaendelea. Aliwakusanya vijana wa vitongojini, akawafundisha kuimba, kucheza na kuigiza kwa pamoja, na mwaka 1987 igizo la muziki Sarafina! likaonyeshwa Johannesburg, nyimbo zikiwa zake na za mwanamuziki Hugh Masekela, uongozaji ukiwa wake. Mwaka uliofuata vijana hao walikuwa Broadway, eneo la kumbi maarufu za maigizo huko New York, ambako igizo hilo lilionyeshwa mara 597. Sitaki kukuahidi kwamba kundi la Mwanjelwa litafika New York. Ninachosema ni kwamba mstari unaounganisha gereji ya Dube na jukwaa la Broadway unaonekana wazi, na haukupitia shindano lolote la siku moja lenye kombe na fulana, ambalo ndilo jambo tunaloandaliwa mara nyingi zaidi hapa kwetu.

Hata nyumbani mfano upo. Kapteni John Komba, mwana wa Ruvuma aliyefariki Februari 2015, alikuwa mtunzi, mwimbaji na kiongozi wa Tanzania One Theatre, kundi lililoweka kwaya, ngoma, taarabu na maigizo katika onyesho moja, na watu wakajaa. Kundi hilo lilikuwa na chama cha siasa nyuma yake, kwa hiyo suala la mahali pa mazoezi na usafiri halikuliangusha. Chuo Kikuu cha Dar es Salaam kimefundisha sanaa za maonyesho tangu miaka ya 1960, na Bagamoyo ipo taasisi ya sanaa iliyoanza kama chuo mwaka 1981. Zote ni hazina ya taifa, lakini ziko zaidi ya kilomita 800 kutoka hapa, na kijana wa Uyole anayetaka kujua kama kweli ana kipawa cha kuongoza hawezi kusafiri umbali huo ili ajaribu.

Huenda wapo watakaokuambia kwamba wasanii wanatafuta fedha za serikali. Siombi fedha, na sababu yangu imetoka Afrika Kusini kulekule. Mwaka 1995 Wizara ya Afya ya nchi hiyo ilimkabidhi Ngema mkataba wa zaidi ya randi milioni 14 kwa ajili ya igizo la elimu ya UKIMWI, Sarafina II. Utaratibu wa zabuni haukufuatwa, uchunguzi ukafanyika, mradi ukavunjika, na sifa ya sanaa ya jukwaani ikachafuka kwa miaka. Fundi yule yule aliyefanya maajabu kwa vijana wachache na chumba cha mazoezi aliingia matatani alipokabidhiwa mamilioni bila utaratibu. Kwa hiyo naomba utaratibu, nao haugharimu hazina.

Natambua kwamba kumbi ni za halmashauri na kwamba ada zake huwekwa kwa sheria ndogo zinazopitia Baraza la Madiwani. Naomba uzishauri halmashauri zote za mkoa kwamba, zitakapopitia sheria hizo, ziongeze aina ya matumizi iitwayo mazoezi ya sanaa, Jumatatu hadi Alhamisi, kwa saa na si kwa siku nzima, na ratiba ibandikwe mlangoni ili kila kundi lijue zamu yake. Kwa siku ya onyesho, badala ya ada yote kudaiwa kabla ya tiketi ya kwanza kuuzwa, halmashauri ichukue fungu la viingilio, na makusanyo yapitie namba ya malipo ya serikali ili pasiwe na shaka. Igizo moja likiweza kuonyeshwa Mbeya mjini, kisha Tukuyu, Kyela, Rujewa na Chunya kwa masharti yanayofanana, litakuwa na maonyesho ya kutosha kuwapa waigizaji kitu mkononi, na mwongozaji atakuwa amejifunza katika mwezi mmoja mambo ambayo onyesho moja la sikukuu haliwezi kumfundisha. Kundi lenye historia ya maonyesho na hesabu za viingilio ndilo litakaloweza pia kuomba mkopo wa vijana wa halmashauri na kuurejesha.

Najua wasiwasi wa watunza kumbi kuhusu viti kuvunjwa, umeme kutumika ovyo na majirani kulalamikia ngoma. Ni wasiwasi wa haki. Kila kundi liandikishwe kwa afisa utamaduni wa wilaya, liweke dhamana, liwe na kiongozi anayesaini kupokea na kurudisha ufunguo, na mazoezi ya ngoma yafungwe saa mbili usiku. Kundi litakalovunja masharti lipoteze zamu yake. Sisi tulio katika kazi hii tutakuwa wa kwanza kulisimamia hilo, kwa kuwa uzembe wa kundi moja utatufungia mlango sote.

Iwapo ofisi yako itaona vema, niko tayari kufika mbele ya maafisa utamaduni wa wilaya pamoja na waongozaji wenzangu, tukiwa na rasimu ya masharti na mfano wa ratiba, kabla halmashauri hazijaanza kupanga bajeti ya mwaka ujao wa fedha.

Wako katika utumishi wa jukwaa,

Mtunzi na mwongozaji wa maigizo ya muziki,
Mbeya