Manete haikukufa, ni fishi ya kaske

Bwana Mhariri,

Salamu toka hapa Ndosho, Goma. Wiki ya juzi mlichapa barua ya papa (baba) mmoja aliyesema watoto wanaovaa kaske, vile visikio vya kichwani vyenye mikro ya kuongelea, na kuongea mbele ya televizio wakicheza michezo wamepotea, wazazi wawanyang'anye hizo kaske wazifungie kwenye kabati. Ile barua niliisoma mara mbili na iliniuma, kwa sababu kwangu hiyo kaske ndo njia ambayo mtoto wangu anaongea na binamu yake wa Lubumbashi, miaka minne sasa hawajaonana uso kwa uso, na nilihangaika karibu miezi miwili mbele sauti ipite, pesa ikapotea njiani, basi nimeona niandike vile ilivyokwenda yote maana najua kuko mama wengine ao papa wengine wako kwenye shida ileile saa hizi.

Kijana wangu ana miaka 13. Tuko na PS4, konsoli ya PlayStation ya kuchezea michezo kwenye televizio, tuliinunua imeshatumika, bila kile kisikio chake kidogo ambacho kilikuwaka ndani ya katoni ikiwa mpya. Binamu yake iko na PS5, ile iliyofuata. Kila Jumamosi saa moja jioni wanacheza mpira pamoja, na Goma na Lubumbashi tuko na saa ileile, si kama Kinshasa wanaobaki nyuma saa nzima, kwa hiyo hakuna kungojeana. Shida ilikuwa hivi: wangu alikuwa anamsikia mwenzake vizuri kabisa, lakini yule wa Lubumbashi hasikii kitu. "Unanisikia? Unanisikia?" Analalamika, anapiga kelele mpaka jirani anagonga ukuta, na mwenzake anaendelea tu kusema sema basi, mbona unanyamaza.

Nilibeba kila kitu, konsoli, kaske, na manete ile ya kushika mkononi ukicheza, kwa fundi mmoja wa Birere, kwenye maduka. Akachomeka, akachomoa, akaniambia: "Mama, mikro ya manete imekufa, ununue ingine." Alikuwa nayo palepale. Dola 25. Nililipa, tulifika nyumbani, tukachomeka kaske, kimya kilekile.

Sasa msikilize vizuri, maana hii ndo sababu nimeshika kalamu. Manete ya PS4 haina mikro. Haijawahi kuwa nayo! Yenye mikro ndani ni ile ya PS5, ile nyeupe iliyotoka 2020, iko hata na kitufe kidogo katikati, ukikibonyeza kinawaka rangi ya chungwa, maana yake sauti yako imefungwa. Ya PS4 iko na tundu tu chini la kuchomeka kaske, mikro inakuwa kwenye kaske yenyewe. Kwa hiyo nililipa dola 25 juu ya kifo cha kitu ambacho hakikuwemo. Yule fundi simtaji, labda hakujua naye, lakini mtu ambaye hajui aseme sijui.

Aliyetuokoa ni mtoto wa jirani, anasoma mambo ya umeme. Hakugusa manete, alishika fishi ya kaske, kile kichwa cha waya kinachochomekwa, akaenda nayo kwenye dirisha, akaniita. "Mama, hesabu pete nyeusi." Kile chuma cha fishi, ukikitazama karibu, kimekatwa na pete ndogo nyembamba za plastiki, nyembamba kama uzi. Yangu ilikuwa na mbili. Akatoa kisikio cha telefoni yake, kilikuwa na tatu. Basi ndo hapo. Pete mbili zinagawa chuma vipande vitatu: sikio la kushoto, sikio la kulia, na waya wa kurudi, hakuna nafasi nyingine, mikro itapitia wapi? Pete tatu zinatoa vipande vinne na kile cha nne ndo cha mikro. Kaske yangu kubwa nzuri yenye taa za bluu ilikuwa na kimkono cha mikro mbele ya mdomo, lakini fishi niliyokuwa nachomeka ni ya masikio peke yake, ya mikro ilikuwa fishi ingine pembeni, maana ilitengenezwa kwa ordinateri (kompyuta) zenye matundu mawili. Ingehitaji tu kale kawaya kadogo ka kuunganisha fishi mbili kuwa moja ya pete tatu. Kwa siku ile alituachia kisikio chake cha telefoni.

Halafu akaingia kwenye mipangilio. Kwenye PS4 unaenda kwenye vifaa, kisha vifaa vya sauti, unahakikisha kifaa cha kuingiza sauti ni ile kaske ya manete, na chini yake kuko sehemu ya kupima mikro, kamstari kanapanda na kushuka ukiongea. Hako kamstari mkakapende sana. Kakitembea, mikro yako na fishi yako ni nzima, shida itafute kwingine. Kasipotembea hata kidogo, usilaumu intaneti, usilaumu mwenzako, shida iko mkononi mwako: fishi, waya, ao mikro. Sisi tulikuwa tunazima na kuwasha intaneti ya telefoni kila dakika na kamstari hata hatujawahi kukatazama. Hapohapo kuko sehemu ya kuchagua kwenye kaske isikike nini, sauti ya maongezi peke yake ao sauti yote na ya mchezo. Ukiacha maongezi peke yake kelele ya mchezo inabaki kwenye televizio, inaingia tena kwenye mikro, na mwenzako anasikia uwanja wote. Wa Lubumbashi ndo alikuwa anatufanyia hivyo: televizio juu sana na mikro ya manete ya PS5 wazi, inakamata kila kitu. Alipochomeka kisikio kikaisha.

Ile Jumamosi ya kwanza sauti ilipopita, koko alikuwa ameketi kwenye mkeka anachagua maharagwe. Kijana akamvalisha kisikio. Koko hakujua aongee wapi, akainamia televizio, macho kwa wachezaji wanaokimbia, akitafuta yupi ni mjukuu wake. Akauliza tu: "Unakula vizuri?" Na mtoto akajibu toka Lubumbashi, ndiyo koko, leo tumekula bukari na samaki. Wakaongea karibu nusu saa, mchezo umesimama. Papa wa ile barua, kaske kama hii ndo unataka nifungie kwenye kabati?

Haikuishia hapo, tulibadilisha intaneti. Mbele tulikuwa tunapitishia kwenye telefoni yangu, kisha tukanunua modemu ya kampuni moja, nzuri tu, picha za video zinakuja bila kukatika. Lakini maongezi: kijana anaingia kwenye grupu, kile chumba cha maongezi cha konsoli, jina la binamu linaonekana, na kimya pande zote. Kamstari ka mikro kanatembea. Nikaenda kwenye gishe ya kampuni, binti akaniambia niongeze mega. Nikaongeza forfe ya dola 10, kimya kilekile.

Mega hazikuwa na kosa. Nilifanya hesabu na mtoto wa jirani: sauti hata ikienda na kilobiti 64 kwa sekunde, ambayo ni sauti safi, saa nzima inakula kama mega 29, zidisha mbili kwa kwenda na kurudi hata 60 hazifiki. Kinachokula giga ni mchezo wenyewe ukijipakua upya, hiyo ndo ya kuogopa.

Shida ilikuwa anwani. Kampuni nyingi za telefoni hazimpi kila mteja anwani yake kwenye intaneti, zinaweka wateja wengi nyuma ya anwani moja, kama parsele kubwa yenye mlango mmoja na nyumba mia ndani: anayetoka anatoka bila shida, lakini mgeni akigonga mlangoni hakuna anayejua amtume nyumba gani. Kutazama video ni wewe unatoka, kwa hiyo inapita. Maongezi ya konsoli mara nyingi yanataka konsoli mbili zigongeane milango, na kama pande zote mbili milango imefungwa ndo unapata hicho kimya. PS4 yenyewe inakuambia, ukienda kwenye kupima koneksio kuko mstari wa NAT, unaoonyesha mlango wako uko vipi: aina 1 na 2 ni sawa, aina 3 ni taabu. Yetu ilikuwa 3. Kwenye Xbox, konsoli ya kampuni ingine, wanasema wazi, ya wastani, ao kali, na kali ndo taabu.

Cha kufanya? Angalia kwanza kama hujafunga modemu nyuma ya modemu ingine, hiyo ni milango miwili, toa mmoja. Ingia kwenye ukurasa wa modemu uwashe UPnP, hiyo inaruhusu konsoli ijifungulie mlango, kisha zima vyote uwashe upya, modemu kwanza, konsoli nyuma. Lakini kwenye ukurasa huohuo angalia anwani ya upande wa nje, WAN. Kama inaanza na 100 na namba inayofuata iko kati ya 64 na 127, hiyo ni anwani ya parsele, UPnP haitakusaidia, hata ulale na modemu usiku mzima. Hapo ni kuomba kampuni anwani yako ao kupitia mtandao mwingine. Sisi tulijaribu kwenye telefoni ya jirani, ya kampuni ingine, NAT ikawa 2 na sauti ikapita palepale. Dola zangu 10 za mega zilikuwa tayari zimekwenda, na yule binti wa gishe angeweza kuniambia kama angefundishwa.

Kuko na kitu kidogo kinachowachanganya wengi: grupu na mchezo ni vyumba viwili. Ukiwa kwenye grupu na mwenzako iko kwenye maongezi ya mchezo hamtasikiana, na hakuna kilichoharibika, ingieni chumba kimoja. Na abonema ya kulipa ikiisha hamtacheza michezo mingi ya mtandaoni, ila kwenye PlayStation grupu inaendelea kuongea bure. Wenye Xbox One za kwanza, zile za 2013, manete yake haina tundu la fishi ya kawaida, inataka kipande cha kuongeza. Za kuanzia 2015 ziko nalo. Konsoli ya Nintendo Switch ya 2017, kuko michezo inayopitisha sauti kwenye telefoni. Na kaske za bluetooth za telefoni msizinunulie konsoli, PS4, PS5 na Xbox kwa kawaida hazizipokei moja kwa moja.

Narudi kwa papa wa barua, kwa heshima yote. Hofu yake ni kwamba mtoto anaongea na watu asiowajua, na hofu hiyo hata mimi ninayo. Lakini dawa iko ndani ya konsoli. Nchi yetu haiko kwenye orodha ya PlayStation, kwa hiyo akaunti zetu zinasoma Ubelgiji ao Ufaransa. Ya kijana wangu aliifungua kaka yangu aliye Liège, akaandika umri wa kweli, ikawa akaunti ya mtoto chini yake. Mwanzoni hata maongezi yalikuwa yamefungwa kabisa, tulidhani ni mikro tena! Kaka akafungua kwa ruhusa yake, tukakubaliana marafiki ni wale tunaowajua tu, na grupu ni ya kufungwa, haingii mtu bila kuitwa. Wazazi wengi wanaongopa mwaka wa kuzaliwa ili mambo yaende haraka, mtoto wa miaka 11 anakuwa mtu mzima wa 25 na hakuna mlango unaofungika tena. Papa, pambana na hapo, nitakuwa upande wako.

Na wenye maduka ya Birere na kwingine nawaomba kitu kimoja: mtuache tujaribu kaske mbele ya kulipa. Haitaki konsoli. Chukua telefoni yenye tundu, chomeka, rekodi sauti, mtu apulizie kidogo kwenye mikro ya waya. Upepo ukisikika kwa nguvu mikro inapita, usiposikika mikro ya waya haipiti, ao telefoni imetumia mikro yake yenyewe. Dakika moja. Na kampuni za intaneti ziandike kwenye katoni ya modemu kama anwani ni ya mteja ao ya parsele, tujue mbele ya kutoa pesa.

Zile fishi mbili ninazo bado, ya pete mbili na ya pete tatu. Mkitaka kupiga picha muichape kubwa, watu wahesabu pete wenyewe, nitazileta kwenye ofisi yenu siku yoyote isipokuwa Jumamosi jioni.

Mama msomaji wenu,
Ndosho, Goma